Jemadari na Askofu: kisa cha Sir John Harding kisiwani Kupro, 1955–1957

Tarehe 9 Machi 1956 Askofu Mkuu Makarios III alifika uwanja wa ndege wa Nicosia akiwa safarini kwenda Athens. Hakufika Athens. Alifika Mombasa.

Waingereza walimkamata palepale uwanjani, wakampandisha ndege ya jeshi lao pamoja na wenzake watatu: Askofu Kyprianos wa Kyrenia, kasisi mmoja wa Nicosia na katibu wa Kyprianos. Ndege ikaelekea kusini hadi Kenya, na kutoka bandari ya Mombasa wakavushwa kwa meli hadi Mahé, Shelisheli. Huko wakawekwa Sans Souci, nyumba ya mapumziko ya gavana, juu mlimani. Hawakufunguliwa mashtaka wala hakuna hakimu aliyewasikiliza. Amri ilitolewa na Gavana wa Kupro, Sir John Harding, kwa idhini ya serikali yake London.

Kinachonivuta katika kisa hiki ni kwamba kwa miezi mitano kabla ya siku ile Harding na Makarios walikuwa wakikaa meza moja. Walikaribia makubaliano kuliko gavana na askofu wengine wowote waliowatangulia. Aliyemfukuza Makarios ndiye aliyekuwa amefanya kazi kubwa ya kumbembeleza.

Harding hakuzaliwa katika ukoo wa majenerali. Alizaliwa mwaka 1896 South Petherton, kijiji cha Somerset, akabatizwa Allan Francis. Jina la John alipewa jeshini, likamganda. Kazi yake ya ujanani ilikuwa ukarani katika benki ya akiba ya posta, London, na jioni alifanya mazoezi na kikosi cha askari wa akiba. Vita vya 1914 vilimtoa mezani vikampeleka Gallipoli, akajeruhiwa, kisha Palestina, kwenye vikosi vya rashasha. Vita vilipokwisha hakurudi posta. Mwaka 1942 alikuwa meja jenerali, akiongoza Divisheni ya 7 ya vifaru El Alamein. Januari 1943, njiani kuelekea Tripoli, kombora lilimjeruhi vibaya mkono wa kushoto na kumwondolea vidole. Mwaka uliofuata alikuwa Italia, mnadhimu mkuu wa Jenerali Alexander, na vita vilipoisha akaachiwa ulinzi wa eneo la Trieste, mji uliogombewa na Waitalia na Wayugoslavia.

Tangu 1949 aliongoza majeshi ya nchi kavu ya Uingereza Mashariki ya Mbali, wakati koloni la Malaya, sehemu ya Malaysia ya leo, likiwaka kwa uasi dhidi ya Waingereza. Novemba 1952 akawa mkuu wa jeshi lote la nchi kavu la Uingereza. Msomaji wa Kenya aitazame tarehe hiyo: hali ya hatari ilikuwa imetangazwa Kenya Oktoba 20, siku chache tu nyuma. Jenerali Erskine alipopelekwa Nairobi Juni 1953 kuwakabili wapiganaji wa Mau Mau, na mwaka uliofuata jiji lilipozingirwa na watu kuchujwa nyumba kwa nyumba, aliyeketi kwenye kiti cha juu cha jeshi London ni Harding. Mwaka huohuo wa 1953 alipewa cheo cha Jemadari Mkuu, ambacho juu yake hakuna kingine.

Mwaka 1955 alikuwa anajiandaa kustaafu. Waziri Mkuu Anthony Eden akamwomba aende Kupro.

Hapa lazima tusimame kidogo, maana London ilikuwa na sababu yake. Mwaka 1952 ilimpeleka Malaya Jenerali Templer na kumvalisha kofia mbili, ya utawala na ya vita, na mambo yakaonekana kutengemaa. Kenya kofia zilibaki vichwani mwa watu wawili, Gavana Baring na Jenerali Erskine, na wakubwa hao hawakuelewana vizuri. Kwa hiyo somo lililochukuliwa lilikuwa jepesi: wapewe Wakupro jenerali mwenye kofia mbili.

Dawa ilinakiliwa bila kusoma ugonjwa. Templer alikwenda Malaya na hati iliyosema wazi kwamba nchi ile itajitawala, kwa hiyo kila kijiji alichokizungushia seng'enge alikuwa na kitu cha kukiahidi. Kupro ahadi ilikuwa kinyume chake. Julai 1954, wiki ileile Uingereza ilipotangaza kuondoa askari wake kwenye Mfereji wa Suez, naibu waziri wa makoloni Henry Hopkinson alisimama bungeni akasema kuna makoloni ambayo kwa hali yake hayawezi kamwe kutarajia uhuru kamili. Neno hilo “kamwe” lilifika Nicosia kabla ya Harding, na alilikuta likimsubiri.

Kisiwa chenyewe kilikuwa na watu nusu milioni na kitu, karibu wanne katika kila watano wakiwa Wagiriki wa dhehebu la Orthodox, na chini kidogo ya mmoja katika watano wakiwa Waturuki Waislamu. Uingereza ilikichukua kwa Waosmani mwaka 1878, na mkuu wa kwanza iliyemtuma kukitawala, Garnet Wolseley, naye alikuwa jenerali. Wagiriki hawakuwa wakidai uhuru kwa maana tunayoizoea sisi. Walidai enosis, yaani kuungana na Ugiriki. Januari 1950 Kanisa lilipiga kura yake lenyewe na waliounga mkono muungano wakafika asilimia 95.7 ya Wagiriki waliopiga. Waturuki hawakutaka hata kulisikia neno hilo. Aprili 1, 1955 mabomu yakaanza kulipuka: chama cha siri cha EOKA kilikuwa kimeingia kazini, kikiongozwa na Georgios Grivas, kanali mstaafu wa jeshi la Ugiriki aliyejiita Dighenis.

Harding alitua Oktoba 3, 1955. Kesho yake akakutana na Makarios.

Nakiri nilianza kumsoma mtu huyu nikitegemea kumkuta askari wa kupiga meza. Sikumkuta. Alikuwa mfupi wa kimo, mnyoofu, na aliandikia London kwa mkazo akitaka apewe cha kumpa Askofu. Akapewa sentensi. Sentensi hiyo ni ya kutazamwa kwa karibu, kwani miezi mitano ya historia ya Kupro ilikaa ndani yake. Kwa maana, ilisema hivi: si msimamo wa serikali ya Malkia kwamba haki ya watu kujiamulia haiwezi kamwe kutumika Kupro, msimamo wake ni kwamba kwa sasa jambo hilo haliwezekani kutokana na hali ilivyo Mashariki mwa Mediterania.

Umehesabu? Si, haiwezi, kamwe. Makanusho mawili yamepandana ili yazae nusu ya ndiyo. Wanasheria wa London waliliona neno la Hopkinson haliwezi kufutwa hadharani bila kuiaibisha serikali, basi wakalifunika kwa kanusho jingine. Askofu alikuwa mtoto wa mchungaji wa Paphos, amesoma Athens na Boston, na alikuwa bingwa wa maneno ya aina hiyohiyo. Hakuikataa. Aliigeuza, akaipima, akaitolea majibu marefu. Kufikia mapema Februari 1956 jambo gumu kuliko yote, yaani haki yenyewe ya kujiamulia, lilikuwa limewekwa kando kwa namna ambayo pande zote mbili zingeweza kuvumilia. Yalibaki matatu: nani atasimamia polisi na usalama wakati wa kujitawala, je, katiba itatamka wazi kwamba wabunge wengi watakuwa Wagiriki, na msamaha utawafikia akina nani.

Ni hayo tu. Ukiyasoma leo yanaonekana mambo ambayo watu wazima wangeyamaliza kwa vikombe viwili vya kahawa. La msamaha ndilo lilinasa zaidi. Harding alikubali kuwasamehe wengi, ila si waliokamatwa na silaha au milipuko wala waliotumia nguvu dhidi ya watu. Makarios angewezaje kurudi kwa Grivas kumwambia vijana wake watanyongwa halafu yeye aketi kwenye baraza? Na Harding angewezaje kuwatazama askari wake machoni baada ya kuwafungulia waliowapiga risasi mgongoni? Sioni mjinga kati ya hawa wawili.

Februari 29 Waziri wa Makoloni, Alan Lennox-Boyd, alifika mwenyewe Nicosia kufunga mjadala. Mabomu yakalipuka mjini siku hiyohiyo, kama salamu za Grivas. Mkutano ukavunjika. Kesho yake, Machi 1, Mfalme Hussein wa Jordan akamfukuza kazi Jenerali Glubb, Mwingereza aliyekuwa mkuu wa jeshi lake, kwa kumpa saa chache za kufungasha. Huko London Eden alipokea aibu hizo mbili ndani ya siku mbili. Alihitaji kuonekana ana nguvu mahali fulani, na mahali palipokuwa karibu ni Kupro. Siku nane baadaye Makarios alikuwa angani.

Mtu wa Afrika Mashariki hashangai sana kuisikia Shelisheli katika habari hii. Kabaka Mwanga wa Buganda na Mukama Kabalega wa Bunyoro walikamatwa mwaka 1899 wakaishia hukohuko, na Prempeh wa Asante, Ghana ya leo, vilevile. Ilikuwa desturi ya ofisi. La ajabu ni kwamba desturi hiyo ilikuwa imetoka kushindwa mbele ya macho ya wizara ileile: Kabaka Mutesa II aliondolewa Buganda Novemba 1953 na kupelekwa London, Waganda wakakataa kuchagua Kabaka mwingine badala yake, na Oktoba 1955 akarudi Kampala kwa shangwe. Oktoba 1955 ndio mwezi Harding alioanza kazi Kupro. Na Kenya, Kenyatta alikamatwa usiku wa kwanza wa hali ya hatari. Vita vikakua baada yake, havikupungua.

Hesabu ya Harding ilikuwa ya kijeshi na ilikuwa na mantiki. Aliamini Makarios ndiye mhimili wa EOKA, na mhimili ukiondolewa nyumba itaanguka. Kwa upande wa ushahidi hakuwa amekosea. Agosti 1956 shajara za Grivas zilifukuliwa katika kijiji cha Lysi, zimefungwa ndani ya mitungi ya kioo, na zilionyesha kwamba Askofu alijua habari za silaha na mipango tangu mwanzo. Waingereza walizichapisha kwa furaha. Wagiriki wa Kupro walizisoma wakamheshimu Askofu wao zaidi.

Alikosea kwenye umbo la nyumba. Makarios alikuwa kamba aliyofungwa Grivas, maana Grivas alihitaji baraka na fedha za Kanisa, na Kanisa lilikuwa na la kupoteza. Kamba ilipokatwa, aliyebaki kuamua ni kanali mwenye miaka karibu sitini aliyejificha ndani ya mahandaki, ambaye hakuwa na haja ya kuketi na yeyote. Gavana naye akabaki hana wa kuongea naye. Kila Mgiriki aliyeulizwa kama angependa kujadiliana alijibu kwa adabu kwamba mzungumzaji wao yuko Shelisheli.

Siku kumi na mbili baada ya ndege kuondoka, bomu lilikutwa kitandani mwa Gavana.

Liliwekwa na mtumishi kijana wa Kigiriki ndani ya Ikulu yenyewe, chini ya godoro. Harding alilala juu yake usiku kucha. Inaelezwa kwamba kilipuzi kilikuwa cha aina inayotegemea joto la chumba, na Jemadari, kwa mazoea ya maisha yake ya jeshi, alilala madirisha wazi. Baridi ya Machi ikachelewesha kazi. Asubuhi lilionekana wakati kitanda kinatandikwa, likatolewa nje. Kama angekuwa mtu wa kufunga madirisha, kisa chetu kingeishia hapa.

Baada ya hapo yalifuata yale ambayo mzee yeyote wa Kiambu au Nyeri angeyatambua bila kusimuliwa: amri za kutotoka nje kwa siku kadhaa, kijiji kizima kupigwa faini kwa kosa la mmoja, watu kuwekwa kizuizini bila kesi, donge la pauni 10,000 kwa atakayemtaja Grivas alipo, adhabu ya kifo kwa anayekutwa na silaha, na malalamiko ya mateso vyumba vya mahojiano. Askari walizidi 20,000, wakiwatafuta wapiganaji waliohesabika kwa mamia. Juni 1956, katika msako wa msitu wa Paphos, moto uliripuka na kuua askari wapatao ishirini. Grivas aliponyoka, kama kawaida yake.

Mei 10, 1956 walinyongwa wa kwanza wawili, Michalis Karaolis na Andreas Demetriou. Karaolis alipatikana na hatia ya kumuua polisi. Alikuwa na miaka 23, karani katika ofisi ya kodi ya mapato ya serikali hiyohiyo. Karani wa posta wa London alitia saini kifo cha karani wa kodi wa Nicosia. Sijui kama Harding aliwahi kulifikiria hivyo. Grivas alijibu kwa kutangaza kuwa amewaua askari wawili wa Kiingereza aliokuwa amewashika. Jumla walinyongwa tisa, wa mwisho Evagoras Pallikarides, Machi 1957, kijana wa shule aliyekuwa akiandika mashairi na aliyekutwa na bunduki. Maiti hawakurudishwa kwa wazazi, kwa kuwa kila mazishi yaligeuka maandamano. Walizikwa ndani ya ukuta wa gereza la Nicosia, na makaburi yako palepale hadi leo.

Kuna jambo jingine ambalo kwangu ndilo zito zaidi, ingawa wasimulizi wengi hulipita haraka wakikimbilia mabomu. Polisi wa Kigiriki walikuwa wakiuawa na EOKA au kujiuzulu kwa hofu. Pengo lilijazwa na Waturuki. Vikosi vya akiba na vya kutuliza ghasia vikawa vya Waturuki karibu vitupu. Mgiriki akimpiga risasi polisi, aliyelia msiba mara nyingi alikuwa familia ya Kituruki, na jirani zake wakatoka mitaani kulipiza. Mwaka 1956 Waingereza walitandaza seng'enge katikati ya Nicosia kutenganisha mitaa ya hawa na wale. Desemba mwaka huo Lennox-Boyd akalitaja bungeni neno ambalo halikuwahi kutamkwa na waziri kwa uwazi vile: kugawanywa kwa kisiwa, endapo Wakupro wataachiwa wajiamulie. Harding hakuupanda uhasama wa Wagiriki na Waturuki, lakini hesabu zake za kupata askari polisi ziliumwagilia maji.

Kwa upande wa vita alikuwa anashinda. Mapema 1957 vikundi vingi vya milimani vilikuwa vimevunjwa, na Machi 3 Gregoris Afxentiou, wa pili kwa Grivas, alizingirwa pangoni karibu na monasteri ya Machairas, akakataa kutoka, askari wakamwaga petroli wakamchoma humo. Lakini kushinda huko kulikuwa kwa ajili ya nini? London ilikuwa imetoka kuaibika Suez, iliposhindwa kuuteka mfereji kwa nguvu mwishoni mwa 1956, Marekani ilisukuma, Umoja wa Mataifa ulijadili. Grivas akatangaza kusitisha mapigano ikiwa Askofu ataachiwa. Mwisho wa mwezi huo serikali ikamwachia Makarios, kwa sharti asikanyage Kupro, na Lord Salisbury akajiuzulu uwaziri kwa hasira. Askofu alitoka Shelisheli kwa meli ya mafuta ya Kigiriki hadi Madagaska, akapanda ndege kupitia Nairobi, akafika Athens Aprili 17 akipokewa na umati mkubwa.

Afrika Mashariki hakuisahau. Mwaka 1971, akiwa Rais wa Kupro, alirudi Kenya akabatiza maelfu ya Waorthodox wa Kikuyu, watu ambao makanisa na shule zao zilifungwa wakati uleule wa hali ya hatari, na akaweka jiwe la msingi la seminari Riruta, Nairobi, kwenye ardhi iliyotolewa na Kenyatta. Wafungwa wawili wa zamani wa Wizara ya Makoloni wakipeana kiwanja. Seminari ipo, inaitwa kwa jina lake.

Harding aliondoka Kupro Novemba 1957. Nafasi yake ilishikwa na Sir Hugh Foot, raia asiye na cheo cha jeshi, ambaye Krismasi ya kwanza aliwaachia baadhi ya waliokuwa kizuizini. Yeye pia aliteseka na kisiwa kile, na 1958 damu ya Wagiriki na Waturuki ilimwagika kuliko wakati wa mtangulizi wake.

Sasa linganisha karatasi mbili. Ile ya Februari 1956 ilimpa Makarios madaraka ya ndani, baraza la kuchaguliwa, na mlango wa enosis ulioachwa wazi kwa ile sentensi ya makanusho mawili. Ile aliyoitia saini London Februari 19, 1959 ilimpa uhuru, ikamwekea makamu wa rais Mturuki mwenye kura ya kuzuia, ikakataza enosis moja kwa moja, ikakataza vilevile kisiwa kugawanywa, na ikawaachia Waingereza kambi mbili za Akrotiri na Dhekelia, maili za mraba 99 ambazo ni mali yao hadi hivi leo. Harding alitumwa kulinda kambi kwa kushika kisiwa kizima. Waliomfuata waligundua kwamba kambi zinaweza kubaki bila kisiwa.

Kurudi Uingereza, alipewa ubaroni mwaka 1958. Kuanzia 1961 alikuwa mwenyekiti wa kwanza wa bodi inayokusanya tozo za kamari za mbio za farasi, kazi aliyoifanya kwa miaka sita bila malalamiko makubwa. Alifariki Januari 1989, miaka kumi na moja na nusu baada ya Makarios.